Kuchanganyishiwa Rangi kwa Mashine Jijini Mbeya: Mashine Haina Shida, Shida Iko Kaunta

Maduka ya rangi yenye mashine ya kuchanganya, hasa upande wa Mwanjelwa na kandokando ya barabara kuu iendayo Tunduma, yanauza huduma moja: unataja rangi unayoitaka, unasubiri kidogo, unaondoka na ndoo yako. Hapa tunaipima huduma yenyewe, si duka fulani, kwa sababu mashine za maduka haya hazitofautiani sana. Kinachotofautiana ni maongezi ya kaunta kabla kitufe hakijabonyezwa. Ndoo inayorudishwa kwa malalamiko mara nyingi imechanganywa sawasawa kabisa. Ila kilichochanganywa si kile mteja alichokuwa nacho kichwani.

Sababu iko kwenye msamiati. Kiswahili kina maneno matatu tu ya rangi yanayofuata ngeli kama vivumishi vingine: -eupe, -eusi na -ekundu. Ukuta mweupe, milango myeusi, matofali mekundu. Zilizobaki karibu zote ni majina ya vitu: kijani ni jani, kijivu ni jivu, kahawia ni kahawa, zambarau na chungwa ni matunda, manjano ni kiungo cha mchuzi. Nyingine zimekopwa, kama bluu na pinki. Kwa mnunuzi, makundi haya mawili yanapotosha kwa njia mbili tofauti.

Yale matatu yana eneo kubwa mno. Nyekundu ni damu, ni tofali la kuchoma, ni maharage, ni hata kile kitunguu ambacho ukikiweka juu ya kadi ya rangi kinaangukia kwenye zambarau. Yale ya vitu yana eneo dogo, lakini kitu chenyewe hakitulii. Chukua "rangi ya parachichi", inayoagizwa sana siku hizi kwa sebule. Ganda bichi ni kijani kilichokolea. Ganda la parachichi aina ya Hass lililoiva linakaribia weusi. Nyama iliyo karibu na ganda ni kijani hafifu. Iliyo karibu na kokwa ni njano. Tunda moja, ndoo nne tofauti. "Kijivu" ndivyo hivyo hivyo: jivu la kuni lina weupe ndani yake, jivu la mkaa lina ubluu, na mteja wa mtaa wa Forest anayesema kijivu baada ya kuona picha ya nyumba kwenye simu huenda anamaanisha ule wa giza, ambao kwenye RAL, mfumo wa kuzipa rangi namba, ni 7016, huku muuzaji akifikiria 7035 ulio mwepesi kabisa.

Jina linalofanya kazi vizuri kuliko yote kaunta, ajabu, ni damu ya mzee. Hakuna anayeleta sampuli ya kitu hicho, lakini kutoka Tunduma hadi Iringa kila mtu analielewa: nyekundu nzito iliyoegemea kahawia, ile ya masweta ya shule. Muuzaji akifungua kadi kwenye RAL 3005 au 3011 huwa hakosei mbali. Jina hilo watu wamejifunza kwa kuonyeshwa kitambaa, kwa hiyo halimrudishi mtu kwenye kitu kinachobadilika.

Kipimo chetu cha huduma basi ni rahisi. Agiza "kijivu" tu, kisha nyamaza. Duka zuri litakujibu kwa maswali: chepesi au kilichokolea? Kilichoegemea bluu au kahawia? Ndani au nje? Kisha linafungua kadi na kukuacha uguse kwa kidole. Duka baya linauliza lita ngapi.

Macho na maneno

Ni vizuri wauzaji wakajua utafiti unasema nini, maana wapo wanaomwambia mteja kwamba "Waswahili hatujui rangi". Si kweli, na ina madhara: mteja anaona aibu kuuliza, anabeba ndoo isiyo yake.

Mwaka 1969 Brent Berlin na Paul Kay walilinganisha lugha 98 na kuonyesha kwamba maneno ya msingi ya rangi hayaongezeki ovyo. Lugha ikiwa na maneno matatu tu, ni ya weusi, weupe na wekundu, ndiyo hayo hayo matatu ambayo sarufi ya Kiswahili imeyatenga. Miaka mitatu baadaye Eleanor Rosch alichapisha matokeo yake kuhusu Wadani, kabila la New Guinea, ambao lugha yao ina maneno mawili tu, moja la rangi za giza na ubaridi, jingine la rangi za mwanga na joto. Walipoonyeshwa vipande vya rangi na kutakiwa kuvikumbuka, walivikumbuka vizuri zaidi vile ambavyo ni mfano halisi wa nyekundu, kijani au bluu, ingawa hawakuwa na majina yake. Jicho la mtu lina aina tatu za chembe za kupokea rangi, awe anazungumza Kidani, Kisafwa au Kirusi.

Ila neno haliko bure pia. Kirusi hakina neno moja la bluu. Kina mawili, "goluboy" kwa nyepesi na "siniy" kwa iliyokolea, na mzungumzaji hana budi kuchagua. Mwaka 2007 Jonathan Winawer na wenzake waliwaonyesha Warusi na wazungumzaji wa Kiingereza miraba mitatu ya bluu na kuwauliza ni upi kati ya miwili ya chini unaofanana na ule wa juu. Warusi walijibu haraka zaidi pale miraba ilipoangukia pande mbili za mpaka wa maneno yao. Wazungumzaji wa Kiingereza hawakuonyesha faida hiyo. Kisha Warusi wakapewa mfululizo wa tarakimu wa kukariri kimya huku wakifanya kazi ile ile, na faida yao ikatoweka.

Hapo pana somo la kaunta moja kwa moja. Neno linasaidia kwa sababu linafanya kazi kichwani wakati huo huo wa kutazama, na likishughulishwa na jambo jingine halisaidii. Mteja anayechagua bluu huku anapiga hesabu ya nauli, saruji na malipo ya fundi anabaki na macho peke yake. Na muuzaji aliyezoea kutofautisha samawati, bluu bahari na bluu ya kukoza atakuona unapokosea kabla wewe hujajiona. Ndiyo maana mfanyakazi mwenye msamiati mpana ana thamani kuliko mashine ya bei kubwa.

Kuna video zinazosambazwa mtandaoni kudai Wahimba wa Namibia hawaioni bluu. Zipuuze. Utafiti uliochapishwa na Debi Roberson na wenzake ulihusu namna wanavyokumbuka na kupanga vipande vya rangi. Neno lao "buru" linachukua kijani na bluu kwa pamoja, kwa hiyo mpaka wa rangi kwenye kumbukumbu zao hauko pale tunapouweka sisi. Huo si upofu wa bluu.

Namba badala ya jina

Duka lolote linalostahili hela yako litakuwa na kadi yenye namba. Majina yaliyochapwa chini ya vipande yasikushughulishe. Mengi ni mashairi ya Kiingereza yaliyotungwa kuuza. Chukua namba. RAL, mfumo wa Ujerumani ulioanza 1927, una faida kwamba unaeleweka pia kwa wauza mabati na milango ya chuma, hivyo unaweza kuoanisha paa na ukuta bila kubeba bati begani. Kadi za viwanda zina vivuli vingi zaidi, lakini namba yake haina maana kwenye duka la chapa nyingine, labda wawe na fomula yake kwenye kompyuta.

Weupe ndio unaosumbua zaidi, kwa kuwa neno ni moja na watu wanadhani hakuna cha kuchagua. RAL 9001 imeegemea krimu, 9010 ni nyeupe yenye joto kidogo, 9003 ni kali zaidi. Ukipaka dari 9003 na ukuta 9010 bila kukusudia, ukuta utaonekana mchafu siku ya kwanza. Mpe muuzaji namba mbili, au mwambie achukue moja kwa vyote.

Sampuli ya kitu hukubalika pale penye kifaa cha kusoma rangi. Kinataka sehemu bapa, safi na kavu, walau ukubwa wa sarafu. Kipande cha plasta iliyopakwa kinasomeka vizuri. Kitambaa kinasomeka kwa shida kwa sababu ya nyuzi na vivuli vyake. Jani la chai kutoka Rungwe halisomeki vya kutosha hata ukilibandika: lina mng'ao na unyevu, na klorofili yake inarudisha mwanga kwa namna ambayo rangi za kiwandani haziwezi kuiga kikamilifu. Vitafanana dukani, vitaachana ukifika nyumbani.

Kuhusu mwanga maduka mengi yanashindwa. Taa ni moja, ya LED yenye weupe wa baridi, chini ya bati, na ukuta wa karibu umejaa ndoo za manjano. Usikubali kuchagua pale. Toka nje na kadi, kivulini, si juani. Ukishapunguza hadi rangi mbili, nunua kopo dogo, paka mikono miwili (yaani mara mbili) kwenye kadibodi ya ukubwa wa A4, iache ikauke kabisa kwa sababu rangi ya maji kwa kawaida hukolea ikikauka, kisha iegemeze ukutani asubuhi, mchana na usiku kwa taa ile ile utakayotumia. Rangi mbili zinazolingana mchana zinaweza kutengana chini ya balbu ya manjano. Na kumbuka kuta nne zinaakisiana: kilichoonekana kiasi kwenye kadi kitakuwa kikali chumbani, kwa hiyo shuka kivuli kimoja, yaani chagua iliyo hafifu zaidi kidogo.

Nyuma ya kaunta

Mashine haitengenezi rangi kutoka sifuri. Inadondosha vikolezo, yaani rangi kali za kuchanganyia, ndani ya besi, yaani rangi ya msingi iliyo ndani ya ndoo. Besi nyeupe ina titani dioksaidi nyingi, ule unga mweupe unaofanya rangi ifunike, na ni ya rangi nyepesi. Besi ya kati ni ya katikati. Besi ya rangi nzito haina titani au inayo kidogo sana, na ukiifungua inaonekana kama maziwa yaliyozimuliwa, ila ikikauka peke yake haifuniki kitu. Kosa kubwa linalotokea Mbeya ni hili: besi nzito imeisha stoo, muuzaji anachukua nyeupe na kusema ataongeza vikolezo. Damu ya mzee ndani ya besi nyeupe inakuwa pinki yenye huzuni, na kadiri anavyoongeza, rangi inachelewa kukauka, inabaki laini, na ukipitisha kitambaa chenye maji inatoka. Uliza besi gani inafunguliwa, itazame kwenye lebo. Haipo? Nenda duka jingine, au subiri mzigo.

Umeme ukikatika kwa muda mrefu, vikolezo vinatuama ndani ya mitungi yake, kwa kuwa mapanga ya kukoroga hayazunguki. Duka makini likiwasha linakoroga kwanza na kumwaga matone ya mwanzo kabla ya kuhudumia mtu. Pua za mashine nazo hukauka, hasa Agosti hadi Oktoba hewa inapokuwa kavu. Pua iliyoziba nusu inadondosha pungufu, na kompyuta haijui. Ukiona ukoko wa rangi pembeni ya pua, hiyo ni dalili ya kutosha ya kuondoka.

Kiasi kidogo kina tatizo lake. Fomula ya ndoo ya lita 20 ikitaka mililita 1 ya nyeusi, kopo la lita 1 linataka mililita 0.05, na mashine nyingi haziwezi kudondosha hiyo kwa uhakika. Ndiyo sababu sampuli ya kijivu chepesi au krimu hutofautiana na ndoo. Kwa rangi hafifu chukua sampuli ya lita 4 na uitumie chumba kidogo. Kwa rangi nzito lita 1 inatosha.

Kutikisa kusiharakishwe: galoni ya lita 4 walau dakika 3, ndoo dakika 5. Mfuniko ufunguliwe mbele yako, kidole kichovywe, kipakwe kwenye kadi juu ya kile kipande ulichochagua. Michirizi ikionekana, irudi kwenye mashine. Ukichukua ndoo zaidi ya moja, fundi azichanganye kwanza kwenye chombo kimoja, la sivyo mpaka kati ya ndoo na ndoo utauona ukutani hata kama fomula ni ile ile.

Hesabu wanayokupa ya lita mara nyingi ni kubwa kupita mahitaji, jifanyie mwenyewe. Chumba cha mita 4 kwa 3.5 chenye kimo cha 2.8 kina ukuta wa mita za mraba 42. Toa mlango na dirisha, baki kama 38. Mikono miwili ni 76. Lita moja ya rangi ya maji kwenye plasta laini iliyopigwa praima (rangi ya awali) inafunika mita za mraba 10 hivi, kwa hiyo galoni mbili za lita 4 zinatosha. Plasta ya mchanga iliyo na vinyweleo inakula zaidi.

Ushauri wa hali ya hewa ndio eneo dhaifu. Jiji liko kwenye mita 1,700 hivi juu ya usawa wa bahari, na jua lake linapausha vikolezo vya njano kali na pinki upande wa nje. Za oksaidi, yaani nyekundu ya udongo, oka (njano ya udongo) na kahawia, zinadumu. Wauzaji wachache hulisema hilo bila kuulizwa. Juni na Julai asubuhi huwa chini ya nyuzi 10, rangi ya maji haishikani vizuri: anza saa nne asubuhi, acha saa tisa alasiri ili utando ukamilike kabla ya baridi. Plasta mpya isubiri siku 28. Kwa anayejenga Tukuyu, ambako mvua hupita milimita 2,000 kwa mwaka, dai rangi ya nje yenye dawa ya kuvu.

Redoksaidi na kopo tupu

Maneno mawili yanahitaji tahadhari ya peke yake. La kwanza ni redoksaidi. Dukani linaitwa hivyo kwa vitu vitatu: praima ya chuma ya kuzuia kutu, rangi ya sakafu, na unga wa kuchanganya na saruji. Anayetaka ukanda wa chini wa ukuta, ule wa mita moja unaoficha matope ya mvua, akiagiza redoksaidi anaweza kupewa praima ya geti, ambayo ni ya mafuta na itabanduka kwenye plasta yenye unyevu. Sema kazi kwanza, jina baadaye: "ya ukutani nje, ya maji, rangi ya tofali."

La pili ni tupu. Benjamin Lee Whorf, ambaye jina lake limeshikamana na wazo kwamba lugha huelekeza fikra, alikuwa mkaguzi wa hatari za moto katika kampuni ya bima ya Hartford, Marekani. Aliona kwamba watu huwa waangalifu karibu na mapipa ya petroli, ila karibu na mapipa "matupu" wanavuta sigara, ilhali pipa lililoisha petroli limejaa mvuke unaolipuka. Wakosoaji wake wana hoja: huenda ni macho yaliyowadanganya, maana pipa halionyeshi kitu ndani, si neno. Kwa duka la rangi ubishi huo hauna haja ya kumalizwa. Makopo ya thina yaliyoisha yanatupwa nyuma ya baadhi ya maduka, hatua chache kutoka jiko la mama lishe, na mengine yanauzwa kwa mafundi wa kuchomelea wayakate kuwa majiko. Kopo la thina lisikatwe kwa moto wala msasa wa umeme. Liachwe wazi nje, mdomo chini, mbali na jiko, hadi likauke na harufu iishe. Duka linalouza thina bila kukwambia hili tunalipunguzia alama, hata kama mashine yake inameremeta.

Rangi iliyokwisha kuchanganywa kwa kawaida haipokelewi tena dukani, na hilo ni haki. Kwa hiyo kabla ya kulipa hakikisha karatasi ya fomula imebandikwa kwenye ndoo na nakala yake iko mfukoni: chapa, aina ya besi, namba ya rangi, mililita za kila kikolezo, tarehe. Ipige picha pia. Fundi akimaliza, jaza chupa moja ya lita kwa ajili ya kuziba mikwaruzo, ifunge kwa nguvu, iandike namba na chumba, na uihifadhi ndani ambako baridi kali haifiki.